Askari Mla Mahindi

Kufa ni rahisi, wanangu. Kazi ni kubaki umekufa huku theluji inakuingia sikioni na mtu anapiga kelele kwamba taa imezimika, turudie. Katika nchi hii ya Sweden nimekufa mara tisa. Nimekufa kwenye maegesho ya magari kule Spånga, nimekufa hospitalini nikiwa na mirija puani, na mara moja nilikufa ndani ya chumba cha barafu cha kuhifadhia samaki. Siku ile mke wangu alinikanda mgongo kwa maji ya moto mpaka akachoka yeye.

Ninyi wa kikundi cha maigizo cha hapa Rinkeby mmeniomba niwaandikie kazi ilivyokuwa. Nawaandikia kwa Kiswahili, ingawa najua nusu yenu mtawapelekea mama zenu wawasomee. Hiyo ni shauri yenu.

Basi anzeni na hili la kufa. Vaa suruali mbili za sufu chini ya nguo za maigizo, na uombe karatasi ya nailoni chini ya mgongo. Usione aibu kuomba. Mwongozaji akikaribia kusema anza, toa pumzi yote, kisha vuta kidogokidogo kwa tumbo, usitumie kifua. Macho yafumbe mapema. Vijana wote wanataka kufa macho wazi, wanaona ndiyo ustadi, halafu nzi anapita na maiti inapepesa. Tumerudia siku nzima kwa sababu ya maiti mmoja mwenye maringo.

Lakini nawajua. Hamkuniomba niwaeleze habari za maiti. Mnataka ile filamu moja. Kwa miaka ishirini na zaidi nimekuwa dereva wa teksi, mgonjwa, mfagiaji, mfungwa, tena rais wa nchi isiyo na jina aliyekaa kwenye kiti dakika moja bila kusema neno. Hakuna anayekumbuka. Nikipanda treni ya chini ya ardhi kwenda mjini, mtu akinikodolea macho tangu Rinkeby hadi tunashuka, najua atakachouliza. "Samahani, wewe si yule askari? Wa mahindi?" Ndiyo, ni mimi. Igizo la dakika nne, mwanzoni kabisa mwa kazi yangu, na sikupata jingine kama hilo. Silalamiki. Wapo waliofanya kazi miaka arobaini hawakupata hata hizo nne. Ila nitawaambia kitu ambacho sikuwahi kuwaambia watu: dakika hizo nne nusura zimnyime binti yangu ndoa.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Nilikuwa nimetoka Kigoma, kambini, na kabla ya Kigoma nilitoka Uvira, kwetu Kongo. Asubuhi nilisafisha shule, mchana nilikuwa darasani najifunza Kiswidi na wageni wenzangu. Siku moja akaingia mwanamke mwenye miwani akitafuta wanaume wanaojua Kiswahili. Kijana mmoja aitwaye Henrik alikuwa anatengeneza filamu ya kupinga vita. Nilinyoosha mkono kwa sababu mwalimu alikuwa karibu kuniuliza swali la sarufi.

Walipigia picha kwenye machimbo ya kokoto nje ya mji, mwezi wa saba. Hapo ndipo palipotakiwa pawe Afrika. Migomba ilikuwa ya plastiki, inang'aa kama sahani iliyotoka kuoshwa, nikawaambia wairushie vumbi. Wakairushia. Nikawaambia bunduki hazishikwi hivyo kutwa nzima, mtu anachoka, anaitundika begani kama jembe. Wakabadilisha. Kila nilichosema waliandika. Hebu fikirini, mtu niliyekuwa nafukuzwa kwenye kila dirisha la ofisi, sasa Waswidi wanaandika maneno yangu! Nilivimba kichwa siku ileile ya kwanza.

Ila kuigiza sikujua. Kosa langu la kwanza mtacheka. Kila kamera ilipogeuka kunielekea, nilimwinamia mpiga picha kidogo, kwa adabu. Alikuwa mzee mwenye mvi. Mimi nimelelewa, mzee akikutazama usoni, unamsalimia. Henrik akasema, usimwone huyo, hayupo. Nikasema sawa. Kamera ikageuka, shingo ikainama yenyewe. Tukarudia mara sita. Mwishowe mzee yule akajifunika taulo kichwani pamoja na kamera yake, nisimwone uso, ndipo kazi ikaendelea.

Kosa la pili lilikuwa kubwa zaidi. Igizo lenyewe lilikuwa hili: mimi ni askari kwenye kizuizi cha barabarani, wenyewe kwetu tunasema baryeri. Wakimbizi wanafika, mimi naamua nani apite na nani abaki. Basi nikaigiza ukali. Nilitoa macho, nikapiga kelele, nikapiga bunduki chini. Nilijiona simba. Henrik alikuwa anajikuna kidevu.

Aliyeniokoa ni Sture. Huyu alikuwa mwigizaji mzee wa jukwaani, kwenye filamu yetu alikuwa daktari. Tuliongea Kiswidi changu kibovu na mikono. Alinipa kahawa akanikalisha kwenye jiwe.

"Umekasirika tangu ulipoamka," akasema. "Huyu askari wako amesimama hapa tangu alfajiri. Atakuwa na nguvu hizo zote? Uliwahi kumwona askari wa namna hii, wa kweli?"

"Nimemwona."

"Alikuwa anafanya nini?"

"Alikuwa anakula."

Sture hakuniuliza zaidi. Alikwenda kumnong'oneza Henrik, na Henrik akamtuma mtu hadi maduka ya hapa Rinkeby. Mahindi yaliletwa yakiwa magumu kwa barafu, tukayachoma kwenye jiko dogo la makaa. Nilikula kumi na moja siku ile. Jifunzeni hapo: kwenye filamu using'ate tonge kubwa, kwa sababu utalirudia mpaka jioni. Kulikuwa na dada kazi yake ni kuhesabu mistari ya punje, kila tukirudia ananikabidhi hindi jipya lililong'atwa palepale pa zamani, na yeye ndiye aliyeling'ata.

Basi nikafanya alivyofanya yule niliyemwona. Sikupiga kelele. Nilitafuna. Kwa hindi niliwaonyesha watu njia: wewe huku, wewe kule. Mama mmoja ananilalamikia, mimi natoa ganda kwenye jino. Kijana ananiuliza atapelekwa wapi, mimi natafuta upande wa hindi uliobaki na punje. Tulipomaliza hakuna aliyesema simama. Yule dada wa mahindi alikuwa analia. Sture alinishika bega akalibana sana.

Hiyo ndiyo siri ya kazi hii, kama mnataka siri. Usitafute hasira wala huzuni. Tafuta mtu alikuwa anafanya nini kwa mikono yake.

Filamu ikaonyeshwa kwenye vijumba vidogo vya sinema, kisha kwenye televisheni, halafu watu wetu wakaanza kuazimana diski zake. Hapo ndipo nikapata cheo. Vijana kanisani walianza: "Kamanda! Shikamoo Kamanda!" Kwenye nyama choma za Wakenya, rafiki yangu mmoja alikuwa ananiletea hindi kwa mikono miwili: "Kamanda, kagua kwanza." Watu hoi kwa kicheko. Na mimi nikaitika. Mtu akiniuliza nilipigana upande gani, nilitabasamu nikatazama dirishani kama mwenye mambo mazito. Sikusema ndiyo. Sikusema hapana. Kwa kweli nililipenda lile jina, na huo ndio ujinga wangu mkubwa kuliko kumwinamia kamera.

Niliwahi kumwuliza Sture, miaka baadaye, kama inamwuma kwamba watu wanamkumbuka kwa tangazo la kahawa tu. Akasema, "Mtu akikukumbuka kwa kitu kimoja, mshukuru, lakini usihamie ndani ya hicho kitu ukaishi humo." Alinifundisha mengi mzee yule. Alikuwa anasoma maneno yake akiosha vyombo, ili yakae mikononi. Zamani filamu ilikuwa mkanda, haurudiwi ovyo, kwa hiyo mtu alikuja amejiandaa kama anakwenda kutahiriwa. Siku hizi mashine inanasa bila kuchoka, mnarudia mara arobaini mkitumaini moja itakuwa nzuri. Na majaribio ya kuombea kazi mnajirekodi wenyewe jikoni kwa simu, sufuria zinaonekana nyuma. Sufuria ziondoeni, jamani.

Nirudi kwa binti yangu. Neema alipata mchumba, Patrik, fundi umeme, mtoto mpole, watu wao wa Bukavu. Wazazi wake Patrik walikufa vitani, akalelewa na shangazi yake, Mama Noela, anayekaa Skärholmen. Neno la Mama Noela ndilo neno la ukoo mzima hapa Sweden. Akikataa yeye, Patrik haoi. Alisema mwenyewe, mama yule alimbeba mgongoni kutoka Bukavu, hawezi kumvuka.

Jumamosi moja mchana wakaja kujitambulisha. Mke wangu alipika sombe, yaani kisamvu, samaki na ugali wa muhogo. Nilivaa suti. Mama Noela aliingia mlangoni, akainama kuvua viatu, kimoja akakishika mkononi, akainua uso akaniona.

"Ni yeye," akasema.

Mshenga wao akacheka. "Mama, ni sinema tu ile! Huyu ni Baba Neema."

"Sinema naijua, ninaonaka sinema. Lakini ile kutafuna hakuna mutu anafundishaka mu masomo. Huyu alikuwa pale." Akakirudisha kiatu mguuni. "Mimi sikulake mu nyumba ya mutu wa baryeri."

Wakaondoka wote. Mnajua kwetu kukataa chakula cha mtu maana yake nini. Mke wangu aliyafunika masufuria bila kuniangalia.

Neema hakulia. Alingoja wageni washuke ngazi, akaniuliza kwa Kiswidi, kama anavyoniuliza mambo yote, "Baba, uliwahi kuwa askari?"

"Hapana."

Akanitazama usoni kwa makini, vile watu wanavyotazama televisheni, kuona kama nimeigiza vizuri. Mtoto wangu mwenyewe! Iliniuma, sitawaficha. Wiki mbili tuliishi nyumba moja kwa salamu tu.

Mwisho nikamwambia twende wote kwa Mama Noela. Nilijua akiniona mimi peke yangu hatafungua. Na nikajiandaa, si ndiyo kazi yangu? Siku mbili nilisimama mbele ya kioo cha bafuni nikipanga maneno: hapa nipunguze sauti, hapa nitulie, hapa niangalie chini. Nilikuwa na uhakika. Watu wazima wamelia kwenye sinema kwa ajili yangu, sembuse mama mmoja wa Skärholmen.

Alifungua kwa sababu ya Neema. Hakutukaribisha kuketi, tukaketi tu. Nikaanza: "Mama, kila mtu ana barabara yake, na barabara yangu mimi..." Nikatulia, kama nilivyopanga.

Akainua mkono. "Acha. Unaigiza."

Nikaanza upya, kwa sauti ya chini zaidi.

"Sasa unaigiza muzuri zaidi. Wewe kazi yako ni hiyo. Mimi nitajuaje?"

Wanangu, mwigizaji akisahau maneno huwa anakohoa, anajishika koti, anatafuta mlango wa kutokea. Nilijishika koti. Mlango haukuwepo. Neema alikuwa ananitazama, na nikaona waziwazi kwamba nikishindwa hapa, nimempoteza yeye kwanza kabla ya hiyo ndoa. Basi nikaanza kusema ovyo tu, bila mpango.

"Tulikuwa wawili. Mimi na kaka yangu. Ilikuwa Jumanne. Hapana, siyo, soko lilikuwa limefungwa, basi Jumatatu... sijui. Alikuwa na shati, nadhani la mistari. Askari alikuwa anakula hindi. Punje moja ilimnata hapa, kidevuni." Nikacheka, kicheko kibaya kilichotoka chenyewe. "Nilitaka kumwambia ajifute. Nimepiga magoti, nawaza jinsi ya kumwambia mtu ajifute kidevu. Akasema, wewe pita. Na kaka yangu, askari akamwambia, wewe baki. Hakutuangalia hata. Kaka akanipa mfuko wake. Nikauchukua. Nikapita. Sikugeuka, mama. Nilisikia ananiita, sikugeuka. Nilifika mbali bado nimeushika mfuko."

Hapo sikuigiza kilio, na wala sikulia vizuri. Kamasi zilinitoka, nikajifuta kwa tai.

Mama Noela akauliza, "Na juu ya nini uliitika wakikuita Kamanda?"

"Kwa sababu Kamanda hakuacha ndugu yake barabarani."

Akaamka akaenda jikoni. Nikadhani ndiyo tumefukuzwa. Akarudi na glasi ya maji, akaiweka mbele yangu, akaketi. "Ungeigiza, haungekosea siku," akasema. "Bwana yangu naye walimubakisha vile. Mimi nilipita, na Patrik mu mugongo. Mimi pia sikugeuka. Miaka hii yote nasema ni juu ya mutoto, angeamuka, angelia." Akajifuta macho kwa kitenge. "Jina yake ni nani, kaka yako?"

"Byamungu."

Tangu nifike Sweden nilikuwa sijalitamka. Mke wangu alilijua, nilimkataza. Neema hakuwahi kulisikia. Kwenye treni ya kurudi, baada ya vituo vitatu, akauliza, "Alikuwa mrefu?"

"Kuliko mimi. Na mchokozi. Angekutania kuhusu huyu Patrik mpaka ukimbie nyumba."

Akaegemeza kichwa begani kwangu, jambo ambalo hakulifanya tangu akiwa mdogo, nami nikakaa bila kutikisika hadi tulipofika.

Jumamosi iliyofuata wakaja tena, Mama Noela mbele. Alivua viatu vyote viwili. Watu wakajaa sebuleni mpaka wengine wakakaa kwenye ukingo wa dirisha. Mshenga akasimama, akasafisha koo, akasema maneno yao yote ya kuomba, kisha akauliza kama desturi inavyotaka: katika nyumba hii, nani mkubwa wa kutujibu?

Kila mtu akanigeukia. Wengine walikuwa tayari wanatabasamu, wanangoja Kamanda aseme kitu cha kuchekesha.

Nikasimama. "Mkubwa wa nyumba hii si mimi," nikasema. "Mwenye kujibu posa ya Neema ni baba yake mkubwa, Byamungu. Alibaki barabarani, kwenye kizuizi, mimi nikapita. Mimi ni mdogo wake, namjibia tu. Kaka yangu amekubali."